Mshipa wa Mguu Katika Alama Saba





Mwezi huu tumeonelea tuizungumze karatasi ambayo haikosekani katika nyumba ya jamaa yeyote aliyepata kutibiwa hapa Marekani akiwa na bima, na ambayo mara nyingi hukunjwa na kutiwa ndani ya droo pasina kusomwa. Karatasi hiyo hutoka kwa kampuni ya bima. Juu yake huandikwa kwamba si ankara, na maneno hayo huwatuliza watu. Lakini chini yake, penye safu za dola, huwa imekwisha kuamuliwa nani atalipa nini. Uamuzi huo hutegemea sana alama saba zilizoandikwa na karani ambaye hakumwona mgonjwa hata mara moja.

Alama hizo ndizo ziitwazo msimbo wa maradhi. Ili maneno yetu yasielee hewani, tutachukua jeraha moja tu, dogo kwa kipimo cha mwili lakini lenye kutoa damu nyingi, nalo ni kukatika kwa mishipa ya damu ya kifundo cha mguu na sehemu iliyo chini yake. Jeraha hili si geni kwetu. Kisu cha nyama humponyoka mtu siku ya Idd kikaangukia juu ya mguu uliovaa ndala. Bilauri huvunjika na mtoto akakanyaga kigae chake pekupeku, kwani sisi ni watu wa kuvua viatu mlangoni. Na wapo ndugu zetu wanaofanya kazi katika viwanda vya nyama, ambako visu ni vikali kuliko vya jikoni na sakafu ina utelezi.

KITABU KILIKOTOKEA

Mwaka 1893, katika mkutano wa wanatakwimu uliofanyika Chicago, Mfaransa Jacques Bertillon aliwasilisha orodha ya sababu za vifo, kusudi nchi mbalimbali zihesabu wafu wao kwa mpango mmoja. Orodha ile ilikuwa ya wafu tu. Mwaka 1948 Shirika la Afya Duniani lilitoa toleo lake la sita, nalo likaingiza pia maradhi na majeraha ya walio hai. Toleo la kumi lilikubaliwa mwaka 1990. Marekani, ambayo ilikuwa ikitumia toleo la tisa tangu mwaka 1979, iliingia katika toleo la kumi tarehe 1 Oktoba 2015, tena kwa kulirefusha kwa njia yake yenyewe, na toleo hilo refu huitwa ICD-10-CM. Toleo la kumi na moja limeanza kutumika duniani tangu mwaka 2022, lakini hospitali za hapa zingali na la kumi.

Tofauti kubwa iliyoletwa na urefu huo ni hii: kitabu cha zamani hakikuuliza jeraha ni la mguu wa kulia au wa kushoto. Cha sasa kinauliza. Ndugu zetu walioko Uingereza watashangaa, maana huko hutumiwa kitabu cha Shirika la Afya Duniani lenyewe, na jeraha hilo hilo huishia kwenye S95.0, bila ya kulia wala kushoto ndani yake. Tena huko mtu hapelekewi ankara kwa kushonwa katika chumba cha dharura. Hapa msimbo ndio mlango wa malipo, na kwa hiyo umefanywa mrefu.

Tuchukue msimbo huu: S95.011A. Usomwe kama anwani ya barua, kutoka mjini mpaka mlangoni. Herufi S inasema hili ni jeraha, si maradhi yaliyozuka mwilini. Tarakimu 9 inaonyesha mahali, yaani kifundo na mguu ulio chini ya kifundo. Tarakimu 5 inasema kilichoumia ni mishipa ya damu. Ingekuwa 1 lingekuwa jeraha lililo wazi la ngozi na nyama, 2 mfupa uliovunjika, 4 neva, na 6 misuli na kano. Baada ya nukta, 0 ni ateri ya juu ya mguu. Ingeandikwa 1, zingekuwa ateri za wayo; 2 ni vena ya juu ya mguu; 8 ni mishipa mingine, na 9 ni mshipa usiotajwa jina. Inayofuata, 1, maana yake mshipa umekatwa au umechanika. Ya pili yake, 1 tena, ni mguu wa kulia. Wa kushoto ungekuwa 2. Herufi ya mwisho tutairudia.

Sasa tazama msimbo S95.909A. Nao ni halali, umo kitabuni. Lakini unachokisema ni kwamba mshipa usiojulikana, wa mguu usiojulikana, umeumia kwa namna isiyojulikana. Mtu aliyelazwa, akachanwa, akaunganishwa ateri, kisha akaandikiwa hivyo, amepelekwa mbele ya bima hali ya kuwa shahidi wake ni bubu.

Karani hana ruhusa ya kubuni. Huyu ni mtu aliyesomea kazi yake na kufanyiwa mtihani, na analoandika ni lile tu lililomo katika maandishi ya hospitali. Daktari akiandika "amekatwa mguu, damu imezuiwa, ameshonwa", karani hawezi kusema ni ateri gani. Anachoweza ni kumpelekea daktari swali kwa maandishi, na swali lenyewe halitakiwi kumwelekeza kwenye jibu. Daktari akichelewa kujibu au asipojibu, msimbo wa kubahatisha mbali ndio unaokwenda.

Kuna na mtego mmoja ambao hata makarani wapya hunasa. Ateri ya juu ya mguu hupita upande wa mgongo wa mguu, katikati ya mfupa wa kidole gumba na wa kidole cha pili. Hapo ndipo daktari anapoweka vidole kutafuta mapigo, ijapokuwa wapo watu wachache ambao mapigo hayo hayapatikani tangu kuzaliwa. Ateri nyingine kubwa huteremka nyuma ya kifundo, upande wa ndani, kisha hugawanyika na kuwa ateri mbili za wayo. Basi mtu akikatwa na kioo nyuma ya kifundo, akili ya kawaida itasema hilo ni jeraha la kifundo, liandikwe S95. Kitabu kinasema sivyo. Ateri ile, maadamu haijagawanyika, huhesabiwa kuwa ya muundi, na msimbo wake huanza na S85. Kwa hiyo ukiona S85 katika karatasi zako na wewe uliumia kifundoni, usikimbilie kudhani kwamba umekosewa.

LUGHA YETU NA MASIKIO YA MKALIMANI

Hapa ndipo sisi Waswahili tunapopaswa kuwa waangalifu kuliko wengine. Lugha yetu ni pana na tamu, lakini katika jambo hili maneno yake mawili yamebeba mizigo mingi mno.

La kwanza ni "mguu". Kwetu mguu huanzia kwenye nyonga na kuishia kwenye vidole, na hatuoni haja ya kuukata vipande. Kiingereza kina neno moja kwa sehemu ya juu ya kifundo na jingine kwa sehemu ya chini. Mgonjwa akisema "nimeumia mguu", mkalimani wa simu, ambaye hauoni mguu huo, huchagua moja kati ya mawili, na akichagua lisilokuwa, jeraha hupanda kutoka kwenye wayo hadi kwenye muundi. Daktari akija akaona kwa macho yake atasahihisha, lakini maneno ya mwanzo ya muuguzi hubakia katika faili, na faili lenye kauli mbili ni faraja ya anayetaka kukataa kulipa.

La pili ni "mshipa". Ateri kwetu ni mshipa, vena ni mshipa, na neva pia ni mshipa. Baadhi yetu hata kano huiita mshipa, na wazee wakisema bwana fulani "ana mshipa" huwa wanakusudia ngiri au busha. Mtu anaposema "mshipa umekatika", mkalimani ana njia nne mbele yake. Mgonjwa hatakiwi kujua jina la ateri. Hiyo ni kazi ya daktari. Anachotakiwa ni kueleza alichokiona. Je, damu ilikuwa ikiruka kwa mapigo, au ikitiririka polepole? Vidole vilikufa ganzi? Kidole gumba kilikataa kuinuka? Damu ya kuruka humwelekeza daktari kwenye ateri, ganzi kwenye neva, na kidole kisichoinuka kwenye kano. Kila moja kati ya hizo ina msimbo wake, na kila moja ina matibabu yake, jambo ambalo ni kubwa zaidi kuliko fedha.

Kwa hiyo onyesha kwa kidole, sema "kulia" au "kushoto", na utaje "juu ya mguu", "wayo", "kisigino" au "nyuma ya kifundo". Na usimfanye mtoto kuwa mkalimani wako. Hospitali inayopokea fedha za serikali kuu inawajibika kukupatia mkalimani bila malipo, kwa mujibu wa sheria ya haki za raia ya mwaka 1964 na sheria ya afya ya mwaka 2010. Mtoto wa miaka kumi na mbili anayejua Kiingereza cha skuli hajui neno la kano katika lugha yoyote, na si haki kumbebesha damu ya mama yake.

KISU KIMOJA, WALIPAJI WAWILI

Mbali na msimbo wa jeraha, karani anaweza kuongeza misimbo ya sababu: jeraha limeletwa na nini, wapi, na mtu alikuwa akifanya nini. Kisu ni W26.0. Jiko la nyumba ya ghorofa lenye wapangaji lina namba yake. Kazi ya ujira ina yake, Y99.0. Hakuna amri ya nchi nzima inayozilazimisha namba hizi, lakini baadhi ya majimbo na baadhi ya bima huzitaka.

Chukua watu wawili. Mmoja ameangukiwa na kisu nyumbani akikata nyama ya Idd, mwingine ameangukiwa na kisu kazini. Wote wawili ni S95.011A. Wa kwanza atalipiwa na bima yake ya afya. Wa pili, katika majimbo karibu yote, analipiwa na bima ya ajali za kazini ambayo mwajiri ndiye anayeigharimia. Texas ni tofauti, kwani huko mwajiri binafsi ana hiari ya kutojiunga. Mfanyakazi akiogopa kufukuzwa na kusema ameumia nyumbani, amejinyima mshahara wa siku za kuuguza ambao bima ya ajali humlipa sehemu yake, na tena amemwongopea mlipaji mwingine. Toa taarifa kwa msimamizi, kwa maandishi, siku ile ile, ubaki na nakala.

Kwa sababu hiyo, bima ya afya ikiona msimbo unaoanza na S, mara nyingi hutuma barua ya kuuliza: Uliumia vipi? Ulikuwa kazini? Ilikuwa ajali ya gari? Kuna mtu mwingine wa kulipa? Barua hii hufanana na matangazo, nayo hutupwa. Isipojibiwa, malipo husimamishwa, na baada ya muda hospitali huigeuza ankara yote kwa mgonjwa. Katika mambo yote tuliyoyaandika hapa hakuna lililo jepesi kuliko hili, wala lenye hasara kuliko hili: barua ya ukurasa mmoja, maswali machache.

Neno kuhusu wazee wetu wenye kisukari. Kidonda cha mguu kilichotokana na sukari, au mshipa ulioziba kwa sababu hiyo, si jeraha la S95 hata kidogo. Hayo ni maradhi, na kwa kisukari cha aina ya pili misimbo yake huanza na E11: E11.51 ni mishipa ya pembezoni iliyoharibika, E11.621 ni kidonda cha mguu. Mzee akisema "nilijikwaa tu" ilhali kidonda kina wiki sita, huenda akaandikiwa ajali, na uchunguzi wa mishipa unaotakiwa kwa mwenye kisukari ukakosa sababu ya kulipiwa, au usifanywe kabisa. Sisi tunaosafisha miguu mara tano kwa siku tuna nafasi ya kuitazama ambayo wengine hawana. Mzee asiyeweza kuinama, na aangaliwe nyayo zake na mwanawe.

BIMA IKIKATAA

Omba kwanza maelezo ya kila kipengele cha ankara, kwani muhtasari hautoshi. Omba pia misimbo ya maradhi na ya matibabu pamoja na maana yake. Bima ikikataa kulipa, inatakiwa ikupe ukiitaka. Kisha omba faili lako la hospitali. Chini ya sheria ya mwaka 1996 na kanuni zilizoifuata, hospitali ina siku 30 za kukupatia, na ikihitaji nyongeza ni lazima ikuandikie sababu. Yaweke mezani yote matatu. Je, faili linasema kulia na msimbo unasema kushoto? Je, daktari wa upasuaji ameitaja ateri, na msimbo umeishia kwenye 9? Ikiwa kosa limo katika faili lenyewe, una haki ya kuandika kuomba lisahihishwe, nao wana siku 60 za kujibu.

Kuna misimbo mingine tena, ya kazi iliyofanywa, yenye tarakimu tano, inayomilikiwa na chama cha madaktari wa Marekani. Kuunganisha mshipa wa damu wa mguu moja kwa moja ni 35226. Kushona jeraha dogo la juujuu, lisilozidi sentimita 2.5, ni 12001. Kanuni yao yenyewe inasema kufunga tu kijishipa kinachotoa damu ndani ya kidonda ni sehemu ya kushona, hakitozwi peke yake. Basi mtu aliyefungwa kijishipa na kushonwa nyuzi nne, kisha akaona 35226 katika ankara, ana swali zuri la kuuliza.

Bima ya kawaida ya kazini au ya kununua hukupa siku 180 tangu barua ya kukataa ili ukate rufaa ndani ya kampuni. Ikishindikana, una miezi minne ya kuomba mtu wa nje aipitie, khasa pale hoja yao inapokuwa ya kitabibu. Kwa Medicaid inayoendeshwa na kampuni, rufaa ya kwanza ni ndani ya siku 60. Hesabu siku kutoka tarehe iliyo juu ya barua, ukihofu kuchelewa.

Wapo wanaonong'ona, "Mwambie daktari aandike kitu ambacho bima itakilipa." Kuomba msimbo wa kweli ulioachwa ni haki yako. Kuomba usiokuwa wa kweli ni uongo ulioandikwa, na fedha zikiwa za serikali kuu kuna sheria inayotumika tangu mwaka 1863, enzi za Rais Lincoln, yenye adhabu nzito. Hatuhitaji hata kufika kwa Lincoln. Aya ndefu kuliko zote katika Qur'ani, katika Suratul Baqarah, inahusu kuandika deni kwa uadilifu.

Na kwa kuwa tumetaja deni: hospitali isiyo ya faida inalazimika kuwa na utaratibu wa kuwasaidia wenye kipato kidogo, na mgonjwa ana siku 240 tangu ankara ya kwanza baada ya kutoka hospitali kupeleka maombi. Omba hilo kabla ya kukubali kadi ya mkopo wa matibabu inayotolewa pale dirishani. Nyingi kati ya kadi hizo husema hakuna riba kwa miezi kadhaa, lakini deni lisipomalizika kwa wakati riba huhesabiwa kurudi nyuma hadi siku ya kwanza. Mpango wa kulipa kidogo kidogo moja kwa moja kwa hospitali aghlabu hauna riba. Uliza, na upate jibu kwa maandishi.

Imebaki herufi ya mwisho. A watu huidhani ni ziara ya kwanza, nayo sivyo. Ni kila ziara ambayo jeraha lingali likitibiwa kikamilifu, hata kama ni upasuaji wa pili kwa daktari wa pili. D ni ziara za kupona, kama kubadilisha bendeji na kutoa nyuzi. S ni athari iliyosalia baada ya jeraha kupona, na kitabu hakikuiwekea ukomo wa muda. Mtu ambaye ateri yake ilikatwa, kisha baada ya miaka mitatu anapata maumivu kwenye kovu, huandikiwa kwanza msimbo wa hayo maumivu, halafu S95.011S. Bima ikiuliza kovu limetoka wapi, jibu limo katika karatasi za siku ile ya kwanza. Ziwekwe katika bahasha moja, na tarehe iandikwe juu yake.